Mtawala na Mutawali: Kuzisoma Hukumu za Mahekalu ya India

Wapenzi wa ushairi tumeizoea tashihisi hata tumesahau nguvu zake. Mshairi huiambia bahari inune, ikanuna. Huuambia mnazi uinamishe kichwa kwa haya, ukainama. Na msikilizaji hadai ushahidi. Iko nchi, hata hivyo, ambayo tashihisi huingizwa mahakamani, ikaulizwa jina lake, mali yake na wakili wake, kisha majaji wakatoa hukumu kwa jina hilo. Katika sheria ya India mungu wa hekalu la Kihindu ni mtu wa kisheria. Huwa na ardhi na nyumba, hushitaki na kushitakiwa, na tangu hukumu ya Mahakama ya Juu ya mwaka 1969 imekubalika kwamba hata kodi ya mapato anaweza kutozwa, kwa mikono ya wanaomsimamia.

Kesi za namna hii ni nyingi mno, na sehemu kubwa si za dini moja kwa nyingine. Ni za Wahindu kwa Wahindu: hekalu na amana iliyoundwa kulitunza, ukoo uliolijenga na serikali inayotaka kulisimamia, kuhani na wanakijiji wake. Kinachogombewa ni mashamba, majumba na vito, na juu ya vyote hivyo, haki ya kusimama na kusema, "Sisi ndio tunaomsemea." Mwandishi wa makala haya si mwanasheria, na fasihi hakusomeshwa chuoni. Nimezisoma hukumu hizi kama nisomavyo tenzi: nani anasema, anamsemea nani, na ni neno lipi lililobebeshwa mzigo wote. Ninavyoona, hukumu hizi hupanda na kushuka, kama matini, kwa kadiri zinavyoweka nafasi baina ya mwenye mali na mwenye ulimi.

Nianze na Kolkata. Mwaka 1925 ilifika London, mbele ya Privy Council, mahakama ya mwisho ya rufaa ya dola ya Kiingereza, kesi ya ukoo wa Mullick. Mungu wa nyumba yao, ambaye kwa Kibangla huitwa thakur, aliwekwa na mzee wa ukoo katika karne ya 19 na kuachiwa mali ya kumtunza, na wazao wakawa wanapokezana zamu za ibada. Mmoja wao akataka, zamu yake ikifika, amchukue thakur hadi nyumbani kwake. Mwingine akakataa: mahali pake ni hapa. Lord Shaw, aliyeiandika hukumu, alisema kwamba huyu si chombo cha kubebwa huku na huko kwa matakwa ya mshika zamu. Ni nafsi mbele ya sheria, na katika suala la wapi akae, utashi wake mwenyewe sharti uheshimiwe.

Hapa mfasiri wa Kiswahili hukwama, na kukwama kwake kuna faida. Akiandika "sanamu ilihamishwa", amekwisha kuamua kesi: mlalamikiwa ashike chombo aende nacho. Akiandika "thakur alihamishwa", ameiamua upande wa pili, kwa kuwa anayehamishwa ni mtu, na mtu huulizwa kwanza. Herufi moja tu mwanzoni mwa kitenzi. Sarufi yetu haimruhusu mtu kukaa kimya juu ya jambo hili. Kila kitenzi, kila kivumishi, kila kiwakilishi kitataka kijulishwe ni a- au ni i-. Na tusijione tumeimaliza kazi, kwani neno mungu lenyewe lina kigugumizi chake: katika umoja hushika a- bila ya shaka, na katika wingi, miungu, huvaa umbo la miti na mito. Nimelishikilia neno thakur katika tafsiri yangu kwa sababu hiyo, na pia kwa sababu sanamu, katika masikio ya watu wa pwani, limekwisha hukumiwa kabla ya kesi kuanza.

Uzuri wa hukumu ya 1925 si kule kusema kwamba thakur ana utashi. Mshairi yeyote angelisema hilo. Uzuri wake ni hatua iliyofuata. Baada ya kukiri kwamba utashi upo, jaji hakujipa kazi ya kuueleza, wala hakuwaachia wale waliokuwa wakigombana, maana kila mmoja wao angesikia thakur akisema yale yale anayoyataka yeye. Aliirejesha kesi Kolkata, akaamuru thakur awekewe msemaji wake wa mbali na ugomvi, asiye na lake katika mali ile. Kisha akaongeza jambo ambalo hakuna aliyeliomba: wanawake wa ukoo, ambao ibada ile ilikuwa yao pia na ambao hawakuwamo katika kesi, nao wapewe nafasi ya kusikilizwa. Sijaona katika hukumu nyingine yoyote ya jamii hii tashihisi iliyoshikwa kwa adabu kiasi hicho.

Msomaji wa pwani atauliza: je, si mahakama hii hii iliyotuhukumia wakfu zetu? Ndiyo hiyo. Mwaka 1894, katika kesi iliyotoka Bengal pia, Privy Council kwa kalamu ya Lord Hobhouse ilibatilisha wakfu ambao wenyewe waliuweka kwa ajili ya kizazi chao, na maskini wakawa mwisho wa mstari, kizazi kikikatika. Aliona fungu la maskini ni la jina tu. Waislamu wa India walilalamika hadi ikapitishwa sheria ya mwaka 1913 iliyouhalalisha wakfu wa namna hiyo. Sheria ile haikuvuka bahari. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, rufaa ya wakfu kutoka Kenya ilipofika London, baraza lile lile liliifuata hukumu ya 1894 kana kwamba hakuna lililotokea baina ya hapo.

Ukiziweka hukumu hizi mbili upande kwa upande utaona jambo la kuhuzunisha. Kwa kauli mashuhuri ya madhehebu ya Shafii, ambayo ndiyo yetu pwani, kitu kilichowekwa wakfu milki yake huhamia kwa Mwenyezi Mungu. Mutawali si mwenye mali. Ni mshika funguo. Kwa hiyo Mhindu wa Kolkata na Mswahili wa Mombasa waliingia katika chumba kimoja wakiwa na dai linalofanana: mali hii si ya mtu. Tofauti ni kwamba sisi hatusemi, na hatutasema, kwamba Mwenyezi Mungu asimame mahakamani awe mdai. Mutawali ndiye huenda. Mhindu alikuwa na umbo la kumwonyesha jaji, jina, mahali, saa za kula na kulala, na jaji akaona mtu. Wakfu haukuwa na umbo. Jaji akaona mirathi iliyofungwa kamba. Sisemi kwamba jaji wa 1925 alikuwa mwema na wa 1894 mbaya. Nasema mmoja aliisoma matini kwa kanuni za watu wake, na mwingine aliisoma kwa kanuni za kwao, na kosa hilo la usomaji lilikuwa na gharama ya nyumba na mashamba.

Kesi ya tatu naipitia haraka, ingawa ndiyo ambayo washairi wataipenda kuliko zote. Mwaka 1976, katika kijiji cha Pathur, Tamil Nadu, ilifukuliwa kutoka ardhini shaba ya Shiva anayecheza, Nataraja. Iliuzwa, ikauzwa tena, hadi mwaka 1982 ikanunuliwa na kampuni ya Kanada, Bumper Development, ambayo ilinunua kwa nia njema. Polisi wa London waliikamata ikiwa katika British Museum inatengenezwa. Miongoni mwa waliokuja kuidai lilikuwamo hekalu lenyewe la Pathur, yaani gofu, mawe ya karne nyingi yasiyo na kuhani wala ibada. Mahakama ya Rufaa ya Uingereza, mwaka 1991, ilikubali kwamba gofu hilo, kwa kuwa sheria ya kwao inalitambua, linaweza kudai kwa mdomo wa msimamizi aliyewekewa, na likashinda. Nataraja akarudi India mwaka huo huo. Sisi tuliolelewa na Al-Inkishafi tumezoea magofu ya Pate yasiyo na mwenyewe, popo na vumbi, na moyo unaoonywa. Kulisoma gofu linaloshitaki, tena likashinda, ni kusikia utenzi ule ukijibiwa kutoka ng'ambo.

Ayodhya siwezi kuiruka. Msikiti wa Babri ulibomolewa tarehe 6 Desemba 1992, na tarehe 9 Novemba 2019 majaji watano wa Mahakama ya Juu ya India, kwa kauli moja, waliitoa ardhi ile kwa ajili ya hekalu la Rama na kuamuru Waislamu wapewe ekari 5 mahali pengine katika mji huo. Wengi tuliifuata kama kesi ya Waislamu na Wahindu, na ndivyo ilivyokuwa. Lakini ndani yake mlikuwamo kesi nyingine, ya Wahindu kwa Wahindu, na hiyo haikutajwa sana katika magazeti yetu. Nirmohi Akhara, jumuiya ya watawa, walisema wao ndio wasimamizi wa mungu wa pale tangu zamani. Upande mwingine, Rama mtoto, Ram Lalla, aliingia katika kesi mwaka 1989 kwa jina lake mwenyewe, akisemewa na jaji mstaafu aliyejitokeza kuwa rafiki yake mbele ya mahakama. Watawa walishindwa. Rafiki, aliyekuja nyuma yao kwa miaka 30, alipokelewa.

Katika hukumu ile yako mambo mengi ambayo msomaji yeyote muungwana atayapinga, na mimi ni mmoja wao. Lakini kuna ukurasa mmoja ambao mhakiki hana budi kuusifu. Upande wa Rama uliomba nafsi mbili: ya mungu, na ya ardhi yenyewe aliyozaliwa. Majaji waliikubali ya kwanza na kuikataa ya pili. Ardhi ikishakuwa mtu mtakatifu, walieleza, basi dai la kila mwingine juu yake limekwisha kabla hajafungua kinywa. Huko ndiko kujua mpaka wa tashihisi. Mshairi mchanga huipa nafsi kila kitu anachokiona, na mwishowe katika shairi lake hakibaki kitu cha kuongea nacho.

Sasa nifike Thiruvananthapuram, Kerala, ambako ndiko nilikotaka kufika tangu mwanzo. Katika hekalu la Sree Padmanabhaswamy, Vishnu amelala juu ya nyoka Ananta, naye ni mrefu kiasi kwamba mwenye kuabudu humwona kwa milango mitatu: uso katika mlango mmoja, kitovu katika wa pili, miguu katika wa tatu. Mwezi Januari 1750, mfalme Marthanda Varma wa Travancore aliukabidhi ufalme wake wote kwa mungu huyu, akajiita Padmanabha Dasa, mtumwa wa Padmanabha, na warithi wake wakatawala kwa jina hilo. Wanahistoria watasema ilikuwa siasa ya mtu aliyekwisha kuziteka nchi za jirani na kutaka uasi wa raia uwe pia dhambi. Huenda. Hata hivyo umbo la tendo lile ni la kishairi: mwenye nchi anaitoa nchi, kisha anairudia kama mtumishi.

India ilipopata uhuru falme ziliingizwa katika taifa. Mapatano ya 1949 na sheria ya 1950 yaliuacha usimamizi wa hekalu hili chini ya "Mtawala wa Travancore". Mwaka 1971 katiba ikafanyiwa marekebisho, vyeo vya wafalme vikafutwa. Mtawala wa mwisho, Chithira Thirunal, alifariki mwaka 1991, na mdogo wake akaendelea kulisimamia hekalu. Je, alikuwa nani? Neno mtawala katika sheria ile lilikuwa cheo, kilichozikwa na mwenye nacho, au nasaba, inayoendelea? Mahakama Kuu ya Kerala, tarehe 31 Januari 2011, ilisema ni cheo, na cheo kimekufa. Serikali ya jimbo ichukue hekalu na hazina ziwekwe katika makumbusho. Rufaa ilikwenda Delhi. Mwaka huo huo, kwa amri ya Mahakama ya Juu, vyumba vya chini vilianza kufunguliwa na kuorodheshwa, na magazeti ya dunia nzima yakapiga kelele za dhahabu. Yalikisia hata rupia trilioni 1. Chumba kimoja, kilichopewa herufi B, kiliachwa bila kufunguliwa.

Dhahabu ile iliwapofusha waandishi wengi. Kesi haikuwa juu ya dhahabu. Ilikuwa juu ya neno, na neno lenyewe sisi tunalo nyumbani. Mtawala wetu ametoka katika kitenzi tawala, nacho kimetoka katika Kiarabu, tawalla, kushika jambo na kulisimamia. Mutawali wa wakfu ametoka papo hapo, katika kitenzi hicho hicho. Ni mapacha. Mmoja alipanda ikulu akawa mwenye kuamuru. Mwingine alibaki msikitini na daftari la kodi za vyumba. Kiswahili kimewatenga mpaka hatuwaoni tena kuwa ndugu. Na hilo ndilo lililoulizwa Delhi kwa miaka tisa: mtawala akishavuliwa utawala, je, hubaki mutawali?

Tarehe 13 Julai 2020 Majaji U. U. Lalit na Indu Malhotra walijibu kwamba hubaki. Hukumu yao ina kurasa zaidi ya 200, na kwa sehemu kubwa ni kazi ya subira. Walitenganisha kwa makini mambo mawili ambayo cheo kile kiliyachanganya: utawala wa nchi, uliokwisha, na utumishi wa mungu, ambao kwa sheria ya Kihindu huitwa ushebaiti na hurithiwa kwa mila ya ukoo. Mali ni ya Padmanabha. Ukoo ni shebaiti wake. Usimamizi wa kila siku ukapewa kamati ya watu watano, mwenyekiti wake jaji wa wilaya, pamoja na mteule wa ukoo, mteule wa serikali ya jimbo, mteule wa wizara ya utamaduni ya taifa, na kuhani mkuu. Suala la chumba B likaachiwa kamati hiyo.

Nimeisoma kwa heshima, na bado naiona imepungukiwa mahali ambapo ile ya 1925 ilisimama. Ushebaiti, kama sheria inavyoueleza, ni kazi na ni mali kwa pamoja. Mtu huutumikia na pia huurithi. Hapo ndipo mutawali huanza tena kupanda ngazi za ikulu. Majaji waliliona hilo, na kamati ndiyo dawa yao. Lakini tazama viti vya kamati: dola viwili, ukoo kimoja, kuhani kimoja, mahakama kimoja. Yule anayesimama foleni alfajiri kuona uso, kitovu na miguu hana kiti kwa jina lake. Jaji wa 1925, aliyekuwa mgeni, aliwakumbuka wanawake waliokuwa nyuma ya pazia. Majaji wa 2020, ambao ni wenyeji, walimkumbuka kila mwenye cheo.

Kama mfasiri, nimelikataa neno mdhamini kwa shebaiti, ingawa ndilo linalotumika katika nyaraka zetu za serikali kwa kila bodi ya mali ya umma. Mdhamini hubeba deni la mwingine. Shebaiti habebi deni la mungu. Nimeandika mutawali. Baadhi ya wasomaji watachukia neno la wakfu kupelekwa hekaluni, nami nawaelewa. Lakini maneno ya kazi si maneno ya imani, na hapa Unguja Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana imekwisha kutuonyesha kwamba majina haya mawili hukaa katika ofisi moja bila ya kugombana. Neno amana ndilo nililolichagua kwa vyombo vya Wahindu vinavyoundwa kwa hati ili kuhudumia hekalu, na lilinipa taabu isiyotarajiwa katika sehemu ya mwisho ya kesi hii.

Mwezi Septemba 2021 ulikuwa na amri mbili. Tarehe 6, katika kesi ya makuhani wa Madhya Pradesh, Mahakama ya Juu ilisema kwamba katika daftari la ardhi, safu ya mwenye mali iandikwe jina la mungu peke yake. Kuhani ni mtumishi, na jina lake halina haja ya kuwamo. Kwa mtu aliyewahi kuona jinsi jina la mwangalizi wa shamba linavyohamia polepole kutoka pembeni mwa hati hadi katikati, amri hiyo haihitaji maelezo. Tarehe 22 ikaja zamu ya Padmanabha tena. Ukoo wa Travancore ulikuwa na Amana yake, iliyoundwa mwaka 1965. Mahakama ilikuwa imeamuru mwaka 2020 hesabu za miaka 25 zikaguliwe. Amana ikaomba itolewe katika ukaguzi: yenyewe ni chombo mbali, iliundwa kwa ajili ya ibada za ukoo, haina sauti katika uendeshaji wa hekalu. Kamati ikajibu kwamba hekalu limeelemewa. Matumizi ya mwezi ni rupia milioni 12.5 na mapato ni milioni 6 au 7, na Amana inapaswa kuchangia. Mungu mwenye hazina ambayo magazeti yalishindwa kuihesabu alikuwa hana fedha za mishahara.

Katika Kiswahili sentensi ya ombi lile hutoka hivi, nami sikuipamba: Amana inasema haihusiki na amana. Majaji watatu, Lalit akiwa mmoja wao, walikataa. Ukaguzi, walisema, haukukusudiwa hekalu peke yake bali na Amana pia, na ukamilike mapema iwezekanavyo, ikiwezekana ndani ya miezi 3. Ombi la pili la Amana, kwamba itangazwe kuwa iko nje ya mamlaka ya kamati, halikutolewa uamuzi siku ile.